Kimya Katikati ya Wimbo

Jumamosi

Kumbe! Miaka yote nilifikiri ile kimya katikati ya wimbo wao ni ufundi wa studio.

Leo Yaya Mariamu, dada ya mupiga ngoma wa ile bendi ya rock ninayoipenda, alinitembeza mimi peke yangu kila fasi walianzia. Tukaishia mu parcelle ya baba yao, kiwanja cha nyumba yao, karibu na musikiti.

«Papa alikubali wapige hapa, bon, lakini azana ikilia, wote waache. Donc walizoea kunyamaza pamoja, bila ishara.»

Mara azana ikalia. Naye akanyamaza.

Nawavulia kofia. Bendi yetu iko na gitaa nzuri kuliko zao, lakini naogopa bendi yenyewe itavunjika. Jana tena kwenye mazoezi tuligombana. Hakuna anayejua kunyamaza, mimi wa kwanza.