Alama 388 Kwenye Muti wa Wavu

Mama Apolline,

Nilipoteza mwenzangu wa tenisi tarehe 9 Juni mwaka huu wa 1957, siku ya Pentekoste, kiisha misa ya pili, mbele ya watu makumi ine wa serkle yetu ya Kadutu, chama chetu cha michezo, na leo ni siku ya makumi tano na munane chakula hakinipiti, ndiyo maana nakuandikia, juu bibi yangu wa ndoa amechoka kunisikiliza.

Miye ni seremala. Nilitoka Walungu mwaka 1946 bila viatu, leo niko na karakana yangu, misumeno tatu na wafanyakazi wane, na sikusaidiwa na mutu. Tenisi pia nilijifundisha mwenyewe kwa kuangalia Wazungu kupitia ua wao, raketi yangu ya kwanza nilipinda muti kwa mvuke wa maji. Mwenzangu Stanislas, mupiga sindano wa dispanseri, tunacheza naye miaka tatu, na uwanja wetu tuliutengeneza sisi wawili, vikapo 340 vya udongo wa kichuguu na matofali ya kupondwa, na ile miti miwili ya kushika wavu nilichonga miye.

Mwaka huu tulicheza wawili kwa wawili mara 18. Miye ni mutu wa hesabu, seremala asiyepima anatengeneza mulango usiofunga, kwa hiyo kila tulipopata mupira, ndiyo kusema pointi, nilikuwa natoa kalamu nyuma ya sikio, naenda kuandika alama kwa muti wa wavu, zangu upande wa kushoto, zake upande wa kuume, na tukimaliza kucheza nazichonga kwa patasi ili mvua isizifute. Hesabu haina ubishi: mipira 612 tulipata, 388 yangu, 224 yake. Hata mipira iliyoanguka upande wake nilikuwa naikimbilia, juu yeye anapenda kungoja.

Siku ya Pentekoste tukapigwa na walimu wawili wa Bagira, mara ya ine. Watu walikaa wanakunywa kasiksi, ile pombe ya ndizi, mutu moja akauliza tulipigwaje, basi miye nikasimama kwa muti nikasoma alama kwa sauti, watu wajue kosa haliko kwangu. Stanislas akaweka kibuyu chini.

"Philémon, umemaliza?"

"Nimemaliza. Bisha kama unaweza."

"Sibishi. Nimechoka kucheza na karani wa sensa. Tafuta mwingine umuhesabu."

Watu wakacheka, na aliyechekwa ni miye.

Haikupita wiki nikamuona na Barthélemy. Mama, Barthélemy ni katekista wa miaka 43, tumbo yake inafika kwa wavu mbele yake mwenyewe, hawezi kukimbia hatua kumi! Wamecheza mara sita, wameshinda tano. Sisi katika zile 18 tulishinda saba. Najua vizuri, juu nilisimama nyuma ya ua wa bambu mara zote sita. Barthélemy anasimama tu, anaita "Yako, Stani!", "Wacha, yangu!", na wakipoteza mupira anamupiga mukono mubegani, wanacheka kama watu waliopata. Miaka tatu na miye, Stanislas hakucheka vile hata siku moja. Na wanachezea katikati ya miti yangu. Bibi yangu Adélaïde ananiambia, "Papa, ungekuwa mwanamuke ningesema umeletewa mukewenza."

Sasa siku ya Mungu, Jumapili iliyopita, Barthélemy ameteguka kifundo akishuka ngazi za kanisa, na fainali ya mashindano yetu iko siku ya ine, Alhamisi tarehe 15, sikukuu ya Asumpsio, na wale walimu wa Bagira. Jana Stanislas akafika karakana, akasimama ndani ya maranda, kofia mukononi.

"Ndugu, siku ya ine utasimama na miye?"

"Ulisema umechoka kuhesabiwa."

"Nilisema. Na nimekuja."

"Na katekista wako je?"

"Yeye ndiye amenituma."

Neno lile la mwisho lilinichoma kupita yote. Nikamwambia nitafikiri. Roho moja inasema nikatae, Stanislas afungwe bila kucheza. Roho ingine, nasema kweli juu kukudanganya haina faida, inasema nikubali halafu niache mipira tatu ao ine ipite, watu waone kule kushinda kwao mara tano hakukuwa kitu. Ao nikubali kwa sharti moja: kwanza aseme mbele ya serkle, "Philémon alipata 388."

Majina ya wachezaji yanafungwa siku ya Mungu tarehe 11, saa sita ya muchana. Gazeti lako linatoka siku ya posho, Jumamosi tarehe 10. Usinipe methali, usiniambie niombe tu. Nikubali ao nikatae? Nataka neno moja, siku ya posho, siyo kiisha.

Philémon, seremala
Kadutu, tarehe 6 Agosti 1957


Mama Apolline anajibu

Papa Philémon,

Kubali.

Neno moja uliliomba, umelipata. Haya mengine nakupa bila kuombwa.

Nakuonea huruma, kweli. Mutu aliyebeba vikapo 340 vya udongo pamoja na rafiki, kiisha amuone rafiki huyo akicheka na mwingine juu ya udongo uleule, ana haki ya kuumia. Wivu wako haunishangazi. Kinachonishangaza ni hesabu yako. Umechonga mipira muliyopata. Muliyopoteza iko wapi? Mulipigwa mara kumi na moja, na kwa muti wako hakuna hata alama moja ya kupoteza! Fundi gani anahesabu mbao zilizotoka vizuri, anaficha zile alizopasua? Na ulipokimbilia mipira ya upande wa Stanislas, nani alibaki upande wako? Hakuna mutu. Walimu wa Bagira wana macho, walipiga pale. Tena, ulipokuwa unamaliza mupira karibu na wavu, nani alikuwa ameupeleka mbali kwanza, mpaka wale wakaurudisha bila nguvu? Yule anayependa kungoja. Yeye alipika, weye ukala, ukajichongea alama.

Halafu fikiri mwenzako amesimama na mupira mukononi, anataka kuanzisha, anangoja seremala aandike. Mara 612, Papa! Miye ningekuacha kwa mara ya kumi na mbili. Katekista na tumbo yake anasema tu "yako", na Stanislas anajua ni yake. Uliyasikia mara sita nyuma ya bambu, lakini hayo hukuyahesabu.

Kuacha mipira ipite kwa kusudi, usinikasirishe. Kadutu yote itajua, juu unajulikana hauachi mupira hata usio wako. Na sharti lako la 388 ulitupe. Mutu alikuja kwako na kofia mukononi, alisimama ndani ya maranda yako mbele ya wafanyakazi wako. Unataka apige magoti? Na yule aliyemutuma amekuachia nafasi yake huku kifundo kimevimba. Umuchongee fimbo ya kutembelea, muti muzuri, siyo mabaki.

Sasa fanya hivi. Leo siku ya posho, ukimaliza kusoma, uende kwa Stanislas mwenyewe, usitume mutu. Umwambie, "Nitasimama." Hotuba hapana. Kesho kiisha misa muende wawili kuandika majina kabla ya saa sita, na weye ubebe randa. Mukifika uwanjani, ukwangue ule muti mbele yake mpaka ubaki mweupe, pande zote mbili, zake na zako. Wavu utashikwa vilevile. Siku ya ine ukae upande wako. Mupira ukija katikati mmoja wenu aite, na akiita yeye, simama, hata kama mukono unakuwasha.

Kalamu umuachie Adélaïde. Atakurudishia siku ya tano, saa ya kufungua karakana.