Herufi Zangu za Juzuu Amma

Jumanne, 10 Juni 2025

Pankras ameniuliza kama alama za juu na chini ya herufi ni za lazima. Lazima! Mchapaji huyu maisha yake yote ni vitabu vya kwaya, anadhani kila andiko hubanwa tu mpaka lienee. Nimemweleza: akisogeza mistari, alama za mstari mmoja zitagonga herufi za mwingine. Akaguna, akaendelea na chai yake. Miaka mitatu nachora fonti hii ya Kiarabu ya kuchapia Juzuu Amma, herufi moja moja, halafu naikabidhi kwa huyu.

Nimemwonya pia: karatasi iliyoharibika isitupwe. Ni Kurani, inachomwa kwa heshima na majivu yanafukiwa. Nawajua watu wa Mbinga, kwao karatasi ni ya kufungia maandazi.

Jumatano, 11 Juni

Baridi kali. Kesho Ustadh Twaha, msimamizi wa madrasa za ufukweni, anapanda kutoka Mbamba Bay kukagua fonti. Akikubali, madrasa zake zote zitasomea herufi zangu. Akikataa, basi — warudi kwenye fotokopi zao chafu. Mzee hata simu anawashiwa na wajukuu. Akague nini?

Alhamisi, 12 Juni

Asubuhi nimenunua maandazi kwa Mama Walburga, stendi. Yamefungwa kwa karatasi ya Suratul Fiil, herufi zangu kabisa! Imetota mafuta mpaka aya ya tatu.

Nimekwenda moja kwa moja kwa Pankras. Nimemtukana mbele ya wateja, nimemwita mtu asiye na dini. Akafungua kabati, akatoa boksi — karatasi zote zilizoharibika, zimepangwa, zimefunikwa kitambaa cheupe. Akasema kwao hata matawi ya Jumapili ya Matawi hayatupwi, huchomwa yakawa majivu ya Kwaresima. Sasa karatasi za dini ya wenzake angezitupaje?

Nikaitazama tena ile ya maandazi. Alama za chini zimeangukia mstari unaofuata. Hiyo ni fonti ya mwaka jana, niliirekebisha kabla Pankras hajaiona. Imetoka kwenye printa ya nyumbani kwangu. Na Jumapili nilimpa Walburga rundo la magazeti ya zamani, mimi mwenyewe, bila hata kulipekua. Nimeona aibu, nikaondoka bila kumwomba Pankras radhi.

Ustadh amepiga simu sasa hivi. Ameshuka basi salama, yuko stendi, anakunywa chai kwa mama mmoja wa maandazi. Nikasema nakuja na kompyuta nimwonyeshe kazi. Akasema nisijisumbue kuibeba, herufi zangu ameshaziona.