Mchoraji Aliyeuliza Unavyotembea

Mtaa wa Watia Rangi,
Ng'ambo ya Mto Arno,
Firenze.
Sikukuu ya Mtakatifu Luka, 1471

Mpendwa mdogo wangu Baldo,

Pokea salamu nyingi za dada yako Dianora. Natumaini barua hii inakukuta mzima na kile kikohozi kimekuachia, maana mara ya mwisho ulilalamika kwamba unyevu wa huko Venisi umekuingia kifuani. Unakula vizuri? Ulipata blanketi la pili? Usinijibu kwamba hujambo kama unaumwa, nakujua wewe.

Sisi huku hatujambo kiasi. Mama magoti yanamsumbua akipanda ngazi, lakini ulimi wake hauna ugonjwa wowote. Mvua ya mawe ilizipiga zabibu, na divai ya mwaka huu itatukunja nyuso. Wanangu wamerefuka mpaka nguo zinawakataa.

Barua hii nimempa yule mama muuza sindano wa Prato. Wapeleka barua wote tuliowazoea siku hizi wanakula mezani kwa akina Tornavelli, siwaamini tena. Ukishaisoma itie motoni, halafu ufanye ninalokuomba humu ndani bila kubishana na mimi kama kawaida yako.

Unakumbuka kanisa letu lilivyokuwa linavuja? Sasa halivuji. Bwana Ormanno Tornavelli ameezeka paa, ameweka madirisha ya vioo vya rangi, na pembeni amejijengea kikanisa cha ukoo wake. Ukuta mzima amechoresha Mamajusi wakienda kumwona Mtoto Yesu. Ila hao Mamajusi ni yeye mwenyewe na wanawe wawili, wamevaa dhahabu, na wanaowafuata nyuma ni nusu ya mji huu, kila mtu na sura yake.

Watu wanapigania kuchorwa. Jirani yetu mwoka mikate amehangaika mwezi mzima ili pua yake itokeze nyuma ya ngamia. Benki ya akina Tornavelli ina milango Bruges, Geneva, Roma na huko kwako, na kila wanachotoa watu wanashukuru. Mimi nauangalia ukuta ule na kuona kitu kimoja tu. Aliyechorwa ni mtu wao, na asiyechorwa amejulikana.

Basi mwezi uliopita akatujia fundi Neri, mchoraji wao, na chaki nyekundu na karatasi. Mtu mpole, mwenye vidole vichafu na sauti ya padri. Akasema Bwana Ormanno amezeeka na moyo umelainika. Yale uliyoyasema kwenye baraza la chama chetu cha mafundi, kwamba viongozi wa mji wanachaguliwa jikoni kwa Tornavelli kabla majina hayajachomolewa kwenye mfuko wa kura, yamesahauliwa. Adhabu ya kufukuzwa itafutwa, utarudi nyumbani, na ili mji wote ujue umesamehewa, utachorwa kwenye msafara.

Mama alilia hapo hapo. Alimkalisha yule fundi kwenye kiti cha marehemu baba, akamletea maharage yenye mafuta mapya ya zeituni.

"Nisaidie, mama," fundi akasema. "Uso wake ukoje?"

"Uso wa baba yake. Ila huyu ni mzuri."

"Pua iko hivi?"

"Ah! Hiyo pua ya hakimu, mwanangu. Ipunguze. Ee, hapo. Mdomo mnene kidogo, kama mtu anayetaka kukujibu. Na sikio la kushoto limejikunja juu, alizaliwa nalo hivyo."

Mama alisema na fundi akachora, mama akakosoa na fundi akafuta kwa nyama laini ya ndani ya mkate. Baldo, sikufichi. Uso wako ulipotokea pale kwenye karatasi, na ile nyusi yako iliyokatika ulipoanguka kisimani, nilitafuta mahali pa kukaa. Ilikuwa kama umeingia mlangoni.

Kisha yule fundi akauliza, huku hatutazami, "Na anatembeaje?"

"Kwani picha inatembea?" nikamuuliza.

Akacheka. "Dada, mchoraji anapenda kumjua mtu mzima."

Mama, kwa furaha yake, akamwambia kwamba unautupa mguu wa kulia nje kidogo. Akamwambia unatumia mkono wa kushoto, kwamba alikuchapa utotoni usisikie. Fundi akaitikia kwa kichwa, ila hakuchora chochote. Halafu akauliza unakaa nyumba gani huko ugenini, ili hati ya msamaha ikufikie. Nikamkanyaga mama yangu mzazi mguu, Mungu anisamehe, nikasema hatujui, hujatuandikia tangu mwaka juzi.

Jioni nilimweleza mume wangu wasiwasi wangu. Shemeji yako Bencivenni akanicheka. "Wewe Dianora hata ukipewa mkate wa bure utauvunja kutafuta kucha ndani." Labda ni kweli. Lakini wiki hiyo hiyo alipewa kazi ya kutia rangi nguo zote nyekundu za watumishi wa Tornavelli, kazi ambayo hajawahi kuipata tangu tuoane. Nilipomuuliza imetoka wapi, alisema imetoka kwa Mungu. Ndiyo maana nakuandikia akiwa kwenye mapipa yake. Nimelala kitanda kimoja na mtu huyu miaka yote hii, na sijui.

Mama hakutulia. Alitandika kitanda chako, akaanika godoro, akatangaza mtaa mzima. Kisha akataka nimpeleke kanisani akaone mahali utakaposimama kwenye msafara.

Tulipofika, jukwaa la mafundi lilikuwa limeshabomolewa. Chokaa imekauka, sakafu imefagiliwa, mishumaa inawaka. Mama macho yake unayajua. Akausogelea ukuta mpaka pua ikakaribia kuugusa, akapita uso kwa uso kama anayetafuta mtoto sokoni.

"Nafasi yake iko wapi?" akaniuliza.

Nikatafuta. Nilianzia kwa Mamajusi nikaenda mpaka kwa mbwa wa mwisho kabisa. Hapakuwa na nafasi, Baldo. Kila shingo ilikuwa na kichwa chake, na kila kichwa kilikuwa kimemalizwa, mpaka ndevu. Ukuta ule ulimalizika kabla fundi Neri hajala maharage yetu.

"Pale nyuma ya farasi, mama," nikamwambia. Akatabasamu, akapiga magoti kusali.

Pembeni alikuwepo Checca, mjane wa Vanni mtengeneza matandiko ya farasi. Mumewe alifukuzwa mwezi mmoja na wewe, na utakuwa umesikia kwamba alichomwa kisu Siena. Waliomuua walikuwa wageni pale, hawakuwahi kumwona, lakini walimfuata katikati ya watu wakamwita kwa jina lake. Nikamsogelea, nikamnong'oneza kama fundi Neri aliwahi kufika kwake.

"Alifika. Alikula jibini yangu yote," akasema. "Alinichorea Vanni mpaka nikalia. Akasema atakuwa yule anayeshika hatamu ya farasi mweupe."

Tukageuka wote wawili. Anayeshika hatamu ya farasi mweupe ni mkwe wa Bwana Ormanno.

Checca hakupiga kelele. Alinishika mkono, akanibana mpaka pete ikaniumiza, akaniuliza, "Dianora, ni mimi niliyewapa uso wake?"

Nilimrudisha mama nyumbani, nikaenda moja kwa moja karakanani kwa fundi Neri. Alikuwa anasaga rangi ya buluu.

"Iko wapi picha ya ndugu yangu?"

"Ilichukuliwa, dada."

"Imechukuliwa wapi? Ukutani hapana nafasi. Nimetoka huko sasa hivi."

Akaendelea kusaga. "Karani wa Bwana Ormanno ndiye aliyeichukua. Nilimnakilia mbili. Moja imekwenda Venisi. Nyingine sikuambiwa."

"Na ulijua ni za kazi gani?"

"Mimi naagizwa nyuso. Zikishatoka hapa si zangu."

"Uliuliza anavyotembea, fundi."

Hapo akaacha kusaga. Akasema karani ndiye aliyempa maswali yale, na kwamba ana nyumba na watoto, na kila ukuta anaochora katika mji huu unalipiwa na mtu mmoja. Nilitaka kumtemea mate. Lakini alikuwa na macho ya mtu asiyepata usingizi, nikatoka.

Nilimficha mama siku nzima. Kesho yake nikamkuta anapiga pasi shuka za kitanda chako, nikashindwa, nikamweleza yote. Akaiweka pasi chini. Kisha akasema, "Mimi ndiye niliyewapa sikio." Nikambembeleza kwamba hata mimi nilikuwepo, kwamba alidanganywa. Hakunisikiliza. Akakunja shuka, akaziweka sandukuni, akaniuliza Bwana Ormanno anasali misa ya saa ngapi Jumapili.

Sikujua anataka nini. Nilidhani anataka kumlaani mbele za watu, na nilimsihi njia nzima. Akaniambia, "Wewe nishike mkono tu, na ufunge mdomo."

Misa ilipokwisha, Bwana Ormanno alikuwa anawaonyesha wageni wa kutoka Roma ule ukuta wake. Mama akapenya katikati yao na magoti yake mabovu, akajitupa chini, akaubusu mkono wa yule mtu.

"Mungu akubariki, bwana wangu! Mwanangu amepata habari za msamaha wako. Anakuja!"

Bwana Ormanno akamwinua kwa upole. "Anakuja kutoka wapi, mama?" Aliuliza kama mtu anayeuliza bei ya mayai.

"Lyon, bwana wangu! Venisi alishaikimbia tangu Pasaka, maji yale yalimkataa kifua. Atavuka milima kabla ya theluji ateremkie Genova. Lo, mkimwona hamtamjua! Amenenepa, maskini, na upara umemtoka kama wa baba yake. Anatembelea fimbo siku hizi, mtoto mdogo kama yule!"

Alicheka huku machozi yanamtoka, na wale wageni wa Roma wakacheka naye, bibi kizee na furaha yake. Bwana Ormanno akampapasa bega. Lakini mimi nilikuwa namtazama karani aliyesimama nyuma yake. Kabla mama hajamaliza kushukuru, karani alikuwa ameshatoka kwa mlango wa pembeni, na hakutembea, alikimbia.

Tulikaa kwenye ngazi za kanisa kama ombaomba.

"Wameamini?" akauliza.

"Karani ameondoka mbio."

"Basi mwandikie leo."

Nikamuuliza itakuwaje theluji ikifunga milima na wewe hujaonekana, nao wakaja kumuuliza. Akasema, "Nitawaambia mimi mzee, nachanganya mambo. Si ndivyo wanavyoniona?"

Kwa hiyo sikiliza, mdogo wangu. Watu wao wakielekea Genova una nafasi, ila sijui ni ya muda gani, na ile picha iliyokwenda Venisi bado iko huko. Ondoka. Panda meli ya Ragusa, au nenda kokote ambako benki yao haina mlango. Fuga nywele zifunike sikio. Kula kwa mkono wa kulia, hata kama utajimwagia mchuzi. Mtu akikuita Baldo barabarani, usigeuke.

Wala usiniandikie ulipofika. Nisipojua hakuna wa kunitoa siri, awe karani, awe padri, awe mume wangu mwenyewe. Mwaka wa kesho ukiwa hai, mtume mtu yeyote aje anunue shada la uzi wa buluu pale dukani kwetu, asiseme neno. Nitaelewa.

Shangazi Nanna angekusalimu, na wanangu Lippa na Cione pia, kama wangejua ninakuandikia. Hawajui. Zipokee salamu zao moyoni mwako. Checca najua anakuombea, ingawa hajaniambia.

Barua zote nilizowahi kukuandikia, mama alisimama nyuma yangu akisema mwambie arudi, mwambie nitakufa sijamwona. Nilikuwa nakupunguzia, nisikuumize. Leo amekaa hapa kando yangu, ameshika wino. Nimemuuliza anataka nikuambie nini. Amesema nikwambie usirudi. Amesema niandike kwa herufi kubwa, usije ukajifanya hukuona.

USIRUDI.

Mama wa Mungu akufunike na vazi lake, barabarani na baharini, na akupe watu wema mahali ambapo mimi sitapajua.

Ni mimi dada yako, nikupendaye popote ulipo,

Dianora