Gia Ndogo Uliyoniwekea

Kwako Mama,

Shikamoo. Pokea na shikamoo ya pili, hiyo ni ya mjukuu wako Bonge. Bado hajaweza kuitamka yote, anaishia "moo" kama ndama, na majirani wanamwamkisha makusudi ili wacheke. Sisi wazima. Kikohozi chake kimepona, meno mawili ya juu yametokeza, na hivi ninavyoandika amekalia mguu wangu anavuta kona ya karatasi, kwa hiyo ukiona mstari umepinda ujue ni yeye. Wewe je, goti linaendeleaje? Bado unapanda juu ya paa kugonga mabati mwenyewe? Na yule kuku mkorofi bado anataga chini ya kitanda chako? Nijibu yote, usiniandikie "tupo tu" kama kawaida yako.

Mama, nimepata ujumbe wako kwamba Mjomba anakuja mwisho wa mwezi kuchukua gari, na kwamba mimi na Bonge tufunge vitu vyetu turudi naye. Nimeona niandike badala ya kupiga simu, kwa sababu kwenye simu hunipi nafasi. Nikifika nusu ya neno unasema umenielewa, na hujanielewa. Barua haikatizwi. Kaa chini, nyosha goti, usome mpaka mwisho ndipo ukasirike.

Binamu aliyekuambia kwamba ameliona gari likivutwa kwa kamba na lori la taka hakusema uongo. Na ni kweli Bonge alikuwa dirishani anapungia watu mkono kama mgeni wa heshima. Lakini binamu hakushuka kuuliza, alipita zake, ndiyo maana habari imekufikia nusu. Nataka uipate nzima.

Kazi yangu unaijua. Asubuhi napakia mashuka na mataulo safi pale kwa dobi, nayapeleka kwenye nyumba za wageni na kwenye ile zahanati ya macho, jioni narudi na machafu. Bibi mwenye dobi alinichukua kwa sababu ya gari, alisema wazi kwamba wa kufua anao tele, wa kubeba hana. Bonge hushinda na mpiga pasi wetu, mama mmoja mwenye mikono ya mpiga ngumi na moyo wa siagi, anamlaza juu ya mataulo yaliyotoka kukauka. Mwanangu ananukia sabuni tangu utosini mpaka kwenye kisigino. Ungemnusa ungesahau hasira.

Sasa kumbuka siku ile tunaondoka. Ulilala chini ya gari ukiwa na nguo yako nzuri, ukagusa kila kitu, ukatoka na vumbi kwenye nyusi. Kisha ukafungua mlango wangu, ukashika gia ndogo, ile fupi iliyo kando ya gia kubwa, ukaisukuma kwenye nne. Ukasema sasa magurudumu yote manne yanavuta, nenda, usiiguse. Nikaitikia. Nani angebishana na wewe? Umewaendesha wachimba visima miaka yote ile kwenye tope linalomeza buti, madereva wanaume wakakubatiza Trekta, nawe ukajifanya hulipendi jina. Ukisema nne, ni nne.

Na kweli, tope lote la kwetu nilipita kama napita sebuleni. Halafu lami ikaanza, ikaendelea, mpaka hapa mjini. Gia ikabaki palepale.

Mwanzoni niliona usukani mzito tu, nikadhani ni mikono yangu. Baadaye nikaanza kuona vituko kwenye kona. Kuna nyumba ya wageni ambayo ua wake ni wa saruji, umebanwa na kuta pande zote, kugeuza gari mle lazima ukate usukani mpaka mwisho. Kila nikikata, gari linagoma. Linaruka kidogo, linatulia, linaruka tena, na matairi yanapiga kelele kama mtoto anayenyang'anywa titi. Mlinzi wa pale akapata kazi mpya ya kunicheka. Kila asubuhi ananiuliza kama mbuzi wangu amekula, maana leo naye anarukaruka.

Nami kwa akili zangu nikasema gari limechoka, linahitaji nguvu zaidi. Siku moja nikiwa na mzigo mzito nikasimama, nikaitoa gia kwenye nne yako ya mwendo nikaipeleka kwenye nne ya pili, ile ya kukokota. Mama, usinicheke. Injini ililia kama inafukuzwa, na gari likatambaa. Nyuma yangu foleni, honi, matusi ya kila rangi. Mzee mmoja mwenye fimbo akanipita kwa miguu, na kwa adabu zake akanisalimia. Nilipotaka kurudisha nikaishia katikati, kwenye fri isiyovuta gurudumu lolote, gia kubwa imeingia, injini inanguruma, gari limesimama. Mtu akapaza sauti kwamba kama tumeamua kulala hapo basi nigawe mashuka. Niliirudisha kwenye nne yako nikaapa sitaigusa tena.

Ndivyo ilivyokuwa mpaka siku ya lori la taka. Siku hiyo mpiga pasi alikuwa na homa, nikatoka na Bonge. Katika ua uleule wa saruji nilikata usukani, gari likaruka mara moja, likaruka mara ya pili, kisha chini ya miguu yangu kikalia kishindo kama sufuria imetupwa ukutani. Kiungo cha propela ya mbele, ule mti wa chuma unaozungusha magurudumu ya mbele, kilikuwa kimekatika. Mlinzi hakucheka. Alikuja akamchukua Bonge mikononi, akaniambia nipumue kwanza. Watu wa lori la taka walikuwa wanamalizia mtaa, wakatufunga kamba wenyewe bila kuombwa. Kwa hiyo ukimsikia binamu anasimulia kama aibu, mwambie walionivuta walikuwa waungwana, harufu yao tu ndiyo ilikuwa mbaya.

Fundi alilala chini ya gari, akatoka, akatazama gia ndogo, akauliza ni nani ameiweka nne kwenye lami kavu. Nikasema ni mama yangu. Akauliza mama anakaa wapi. Nikamweleza njia za kwetu, mito isiyo na madaraja, na kile kilima cha udongo mwekundu. Akatikisa kichwa akasema kwa huko mama yako hana kosa hata chembe, ningekuwa yeye ningefanya vilevile, ila hapa lami haisamehe. Kisha akanieleza mambo ya ndani ya ile gia, mimi nikawa naitikia ndiyo ndiyo huku sijashika kitu.

Nilikuja kuelewa kesho yake, tena kazini. Tulikuwa wanne tumebeba blanketi zito lililolowa, kila mtu na kona yake, tunazunguka nguzo kwenda kwenye kamba. Mimi na mwenzangu tuko mbele. Wa nyuma wakatukemea kwamba tunakimbia, sisi tukawajibu kwamba wao ndio wanatambaa, na blanketi likaanza kujisokota mikononi mwetu. Ndipo nikasimama katikati ya njia, maji yananichuruzika miguuni, nikacheka peke yangu. Kwenye kona, wa mbele wanazunguka mbali kuliko wa nyuma. Hatua zao lazima ziwe kubwa zaidi. Na ile nne, Mama, inawafunga wa mbele na wa nyuma watembee sawasawa, hatua kwa hatua. Kwenye tope gurudumu linateleza kidogo, kila mmoja anapata nafasi yake, hakuna anayeumia. Kwenye lami kavu hakuna pa kuteleza. Wanavutana, wanavutana, mpaka kitu kikatike. Mpiga pasi, homa yake ikiwa imeshuka, aliniuliza kama nimepandwa na wazimu. Nikamwambia nimeelewa gari, akasema basi ondoa miguu tupite na blanketi.

Fundi alifunga kiungo kipya, na tangu hapo naendesha kwa mbili, magurudumu ya nyuma tu ndiyo yanavuta. Usukani umekuwa mwepesi hata naugeuza huku Bonge ameshika kidole changu kimoja. Pale kwenye ua wa saruji nilizunguka taratibu, kimya, bila mlio wowote, na mlinzi akasema kwa huzuni kwamba mbuzi ameuzwa.

Na sijaitupa nne yako, usidhani. Wiki iliyopita ilinyesha mvua ya kutisha. Njia ya nyuma ya zahanati ya macho ni ya udongo tena ya mlima, na magari mawili yalikuwa tayari yameteleza hadi mtaroni. Ndani walikuwa wanasubiri mashuka ya wagonjwa wa upasuaji. Nikasimama chini ya mlima, nikaweka nne, nikapanda polepole bila kukanyaga mafuta kwa pupa, kama ulivyonifundisha. Wale waliokwama walinitazama wakadhani nina dawa. Niliporudi kwenye lami nikataka kuitoa, gia ikang'ang'ania, haitoki. Zamani ningeitia nguvu nikavunja kitu, au ningelia. Nilikumbuka blanketi, kwamba likijisokota unarudi nyuma hatua chache linajikunjua. Nikarudisha gari nyuma, moja kwa moja bila kukata kona, mita chache tu. Gia ikateleza yenyewe mkononi kama kisu kwenye papai. Hilo hakunifundisha fundi wala wewe. Nilikaa pale, mvua inapiga paa, nikatamani ungekuwepo unione.

Sasa Mama, nifikie lile ambalo nimelizungusha tangu juu.

Fundi aliniuliza swali ambalo sikumjibu kwa ukweli. Aliniuliza ilikuwaje gari likalia muda wote huo nami nisijaribu kuitoa gia kwenye nne hata mara moja nione. Nikasema sikujua. Si kweli. Hata yule mlinzi, mbali na utani wake, alishaniambia niweke mbili nijaribu. Sikutaka. Tangu baba yake Bonge atuache, mkono wa mwisho kunitengenezea kitu chochote ulikuwa mkono wako, siku ile, juu ya ile gia. Kila nikipanda gari nikiiona iko pale ulipoiacha, nilikuwa nahisi mimi na Bonge hatuko wawili tu. Nilikuwa naiwekea kiganja juu kabla ya kuwasha, kama mtu anayeshika bega. Siku niliyoirudisha kwenye mbili kwa mkono wangu nililia mpaka Bonge akaniwekea kipande chake cha mkate mdomoni ili ninyamaze.

Halafu nikawasha, nikaenda kazini. Na Mama, gari lilikwenda vizuri.

Kwa hiyo nakuambia kwa heshima zote, na nimepiga magoti hapa ingawa huoni: sirudi. Gari ni lako, jina kwenye kadi yake ni lako. Mjomba akija kulichukua atalikuta limeoshwa, limetiwa mafuta, na ufunguo nitampa kwa mikono miwili. Nimeshazungumza na bibi mwenye dobi, nikamuuliza kama gari likiondoka ataniondoa na mimi. Alihesabu mashuka yake mpaka nikadhani amenisahau. Kisha akasema gari la kukodi anaweza kulipata, lakini mtu aliyempandishia mashuka ule mlima siku ile atampata wapi. Nafasi yangu ipo, kwa gari au bila gari. Nilitaka uyajue haya kabla hujaamua, usije ukafikiri ninaling'ang'ania gari. Ninachokiomba ni kwamba uache kuniogopea.

Ila kama moyo wako utakubali, mwambie Mjomba abaki shambani kwake, uje wewe. Njoo ukae siku utakazo. Nitakupokea stendi kwa gari lako mwenyewe, utakaa mbele na mjukuu mapajani, na nikikosea utanigombeza papo hapo. Chumba chetu ni kidogo lakini dirisha linaona miti, na kitanda kinatutosha watatu tukimlaza Bonge kwa ukuta. Anapiga mateke, nakuonya mapema.

Msalimie Mjomba, mwambie sijamkataa yeye, nimekataa safari. Wasalimie majirani wote wanaoniuliza, na wasioniuliza pia. Goti lisugue kila jioni, na shuka kwenye hilo paa. Bonge amelala sasa, ameishikilia kalamu nyingine mkononi kama anataka kuongeza la kwake. Nasubiri jibu lako, liwe la gari au la safari yako, nitalipokea.

Mwanao akupendaye,
Mama Bonge