Joash Ombui, Aliyeishinda Reli Akiwa Kaburini

Mwaka umezunguka, Joash, tangu Julai ile ya 1971 ulipoondoka Nyansiongo kwenda kuona maonyesho ya ng'ombe Nakuru, ukarudishwa kwetu ndani ya sanduku. Ngazi ya behewa ilikatika ulipokuwa ukishuka stesheni, na gari la moshi likang'oa nanga nawe ukiwa chini yake.

Tunakukumbuka ukikamua alfajiri, ukiwaimbia ng'ombe nyimbo za kanisa kwa sauti yako mbaya, nao wakikupa maziwa hata hivyo. Tunakukumbuka ukipalilia michai yako kuliko jirani yeyote, ilhali wewe mwenyewe, kwa Usabato wako, kikombe cha chai hukukigusa. Tulikucheka sana. Ulikuwa ukitujibu, "Nyinyi kunyweni tu, mimi nalipwa."

Sasa tukuhadithie usiyoyajua.

Ijumaa moja alasiri, siku chache baada ya mazishi, mtu wa reli alifika na tai yake na karatasi ya Kiingereza. Alimwambia mkeo Persis kwamba ni msaada wa jeneza, na kwamba baba yako naye lazima aweke kidole mbele yake yeye mgeni. Persis alikuwa amechoka kulia. Mkopo wa shamba ulikuwa ukimkodolea macho, na watoto wamefukuzwa shule kwa ajili ya karo. Angeweka kidole hata mara kumi.

Mvua ilikuwa inanyesha. Mzee Onchiri alisimama uani chini ya mwavuli uliotoboka.

"Mzee, ingia tumalize," mgeni akaita.

"Siwezi ingia nyumba ya bibi ya mtoto wangu," baba yako akajibu. "Hiyo ni chinsoni. Leta karatasi hapa nje."

"Italowa, mzee. Ni dakika moja tu."

"Hata nusu."

Mgeni alicheka kwanza, kisha akakasirika, kisha akabembeleza. Baba yako hakusogea. Chinsoni, heshima ya mzee na mke wa mwanawe, ilikuwepo kabla ya reli kufika nchi hii, na mzee hakuona sababu ya kuivunja kwa ajili ya mtu mwenye tai. Tuseme ukweli, Persis alimchukia mkwe wake jioni ile. Jua likaelekea kuzama na Sabato ikakaribia, saa ambayo nyumba yako haifanyi shughuli, na mgeni akaiacha karatasi mezani akisema atarudi Jumatatu.

Jumapili Persis aliipeleka Keumbu kwa Abdikarim, yule mwenye duka aliyekuwa akinunua mahindi yako. Abdikarim aliisoma yote huku wateja wakisubiri.

"Mama Nyanchera, hapa wanasema Joash alilewa, akaruka. Na mkishaweka vidole, hamna dai tena."

"Joash wangu?"

"Huyu huyu aliyekuwa anakataa chai yangu miaka yote. Msiweke kidole. Jumanne mimi mwenyewe nitakupeleka kwa wakili."

Hapo hasira ya Persis ikamwacha mzee ikaenda inakostahili. Mgeni aliporudi, alimkuta Persis mlangoni na karatasi mkononi.

"Rudi nayo," akamwambia. "Tutaongea mbele ya jaji."

Kortini, mawakili wa reli walimwaga Kiingereza mpaka kikawaishia. Lakini wakili wetu alikuwa amemtafuta Nyamweya, mchongaji wa Tabaka aliyekuwa amekaa nawe behewani na vinyago vyake, akampandisha kizimbani.

"Hakuruka," Nyamweya alisema. "Alikuwa anashuka mbele yangu. Ile ngazi ilikuwa imeliwa na kutu, ikatoka na yeye. Pombe sikusikia, na tulikuwa tumekaa bega kwa bega."

Jaji aliamua kwamba kosa ni la reli, na mkeo na watoto walipwe. Tumeshinda, Joash. Mkopo wa shamba umekwisha, na wanao wamerudi shule na sare mpya.

Persis hakutosheka. Ile habari ya ulevi ilikuwa imetangulia kufika kanisani, na wapo waliokuwa wakinong'ona kwamba kumbe ulikuwa ukinywa kwa kificho. Kwa hiyo Sabato iliyopita alimwomba mzee wa kanisa asome hukumu mbele ya watu wote, kwa Ekegusii, lugha yetu, bila kuruka neno. Ikasomwa mpaka mwisho. Wanong'onaji walikuwa safu ya tatu, wakitazama viatu vyao.

Persis akasimama na watoto wake. Wengi walidhani atatoa ushuhuda mrefu.

"Mmesikia," akasema, akaketi.

Wanaokukumbuka ni mkeo Persis, wanao Nyanchera, Momanyi na Bosibori, baba yako Mzee Onchiri na mama yako Bonareri. Lala mpaka parapanda ilie. Sisi huku tutakutaja siku zote, na tutakutaja vichwa vikiwa juu.