Kopo Lililorudishwa Mara Mbili

Tarehe 3 Februari

Baba mpendwa,

Shikamoo. Natumaini presha ya Mama imetulia na goti lako halikusumbui. Sisi huku wazima. Wajukuu zako wanarefuka hadi suruali zinawakimbia.

Duka langu la tatu la dawa limefunguliwa hapo mjini kwenu, karibu na stendi. Lakini Mama asihangaike kwenda. Namtumia kopo hili kwa mkono wa dereva wa basi: vidonge vya presha vya miezi mitatu. Ameze hivi tu, Baba. Tafadhali.

Mwanao mtiifu

Tarehe 11 Februari

Mwanangu,

Marahaba. Goti linauma kama kawaida yake, halina adabu. Mama yako hajambo. Anawatangazia majirani kwamba mwanawe ana maduka matatu, hata wasiouliza.

Kopo nimemrudishia dereva. Nilikagua mizani za wafanyabiashara kwa miaka thelathini, na sikupokea hata ndizi moja. Sitaanza kupokea uzeeni, hata kutoka kwako. Mama yako atanunua dukani mwako kama mteja mwingine yeyote. Jana tulinunua. Msichana wa kaunta hakututambua, nami sikujitambulisha. Duka ni safi. Nilijivuna kidogo, Mungu anisamehe.

Baba yako

Tarehe 14 Februari

Baba,

Shikamoo. Laiti ungekubali kuwa na simu! Mama asimeze vidonge vya dukani. Usiniulize sababu. Kopo nalituma tena. Mpe hivi, nakuomba kwa magoti.

Mwanao

Tarehe 19 Februari

Mwanangu,

Marahaba. Tu wazima. Ujanja wako nimeuona: umeshindwa kunipa zawadi kwa mlango wa mbele, sasa unapitia dirishani. Mwenye duka anayewakataza watu wasinunue kwake, ama amelewa ama anamdekeza mama yake. Mama yako amecheka hadi akashika ubavu. "Mwanangu anaona haya kunichaji!" amesema.

Kopo limerudi. Anameza vya dukani kila asubuhi, nami namsimamia.

Baba yako

Tarehe 20 Machi

Mwanangu,

Salamu. Afya yangu si ya kuulizwa. Siku tulipomzika mama yako uliondoka bila kunitazama usoni, nikadhani ni uchungu.

Daktari aliyempokea alisema presha yake ilipanda kama ya mtu asiyetumia dawa kabisa. Nilibishana naye. Nikampelekea vidonge vilivyobaki. Alitumbukiza kimoja katika glasi ya maji. Kikalainika kikawa tope jeupe. "Mzee," aliniambia, "hii ni chokaa."

Uliniandikia asimeze. Ulijua nini? Nijibu kwa maneno machache, kama shahidi.

Baba yako

Tarehe 2 Aprili

Baba,

Shikamoo, ingawa sistahili kuitikiwa.

Mbele nina ofisi yenye zulia na vyeti ukutani. Watu huniita mheshimiwa, nami hutoa hotuba na kufadhili shule. Nyuma ya ukuta huohuo kuna mashine inayofyatua vidonge vya chokaa na wanga. Ni mwaka wa nne sasa. Vidonge vya kopo vilikuwa vya kweli. Nilivinunua kwa watu wengine.

Mwezi wa pili nilipanda gari nije nikwambie ana kwa ana. Nilifika njia panda ya kwenu, nikageuza.

Siwezi kufunga ghafla. Washirika wangu si watu wa kuchezewa. Nipe hadi mwisho wa mwezi niwaze la kufanya. Nakuomba, unifichie aibu hii.

Mwanao

Tarehe 9 Aprili

Mwanangu,

Marahaba. Mzazi haachi kuitikia.

Mama yako hakuuawa na mkono wako peke yake. Ulimtengenezea chokaa, mimi nilimshikia kikombe cha maji, kwa kiburi changu cha kutopokea. Hilo nitalijibu mwenyewe.

Lakini umeniomba mwezi. Juzi nilisimama mlangoni mwa duka lako nikawaambia watu warudi nyumbani. Mama mmoja mwenye mtoto mgongoni aliniambia, "Babu, kama unamwonea wivu tajiri, nenda ukalale." Wakacheka, wakaingia.

Ndipo nikaenda kituo cha polisi na barua zako tatu, pamoja na nakala za zangu. Afisa alizisoma zote, kisha akaniuliza, "Mzee, huyu ni nani wako?"

Nilimjibu bila kusita, "Ni mwanangu."

Baba yako