Diski za Inspekta na Mtama wa Benigna

Alhamisi, 6 Juni 2024
Binti yetu Elieth amekuja kutoka Bukoba, katuunganishia runinga na intaneti. Tamthilia yangu ya Inspekta imo humo, yote! Nimefurahi. Mama yake, Benigna, kafurahi kupita kiasi. Basi, anasema, zile diski hamsini zitoke kabatini. Anazitaka shambani, zining'inie kwenye mtama zitishe ndege. Diski orijino! Nilizonunua moja moja kwa Burhani muuza diski pale Bukoba, nikazipakata hadi huku Muleba! Nimekataa. Zishindanishwe kwanza na mtandao. Jumapili.

Ijumaa, 7 Juni
Nimejaribu peke yangu. Sauti — diski juu! Mvua ya diski inanyesha nyuma ya kochi. Ya mtandao inanyesha mbali, utadhani iko Rubafu. Picha... haya, nakiri hapa tu. Ya mtandao ni kali. Nimeona mshono wa wigi la Inspekta. Miaka kumi na mbili nilidhani nywele zake! Benigna asijue.

Jumapili, 9 Juni
Jaji: Ta Kagaruki, jirani, mtu wa haki. Benigna kamletea akamwani — mgeni atakaaje bila kahawa ya kutafuna? Nikaweka diski, kesi ya mpishi aliyeuawa. Mzee akafumba macho, akasikiliza. Ina mikwaruzo, akasema. Tukaweka mtandao. Nao una mikwaruzo, tena ileile! Nikamtazama taya. Loo! Alikuwa anasikia kahawa yake mwenyewe! Nikamwomba ateme. Benigna akanitolea macho: mgeni ateme kahawa kwangu? Nikanywea. Hukumu imeahirishwa, kahawa imekwisha. Ila Benigna kanogewa na kesi, anataka kujua nani kamuua mpishi.

Jumanne, 11 Juni, jioni
Tumeimalizia mtandaoni, kwa amri yake. Inspekta kainua kidole: muuaji ni — kiduara! Kinazunguka tu, mtandao umekwama. Uso wa Inspekta umekuwa uji. Benigna kasimama. "Baba Elieth, weka diski yako!"

Diski yangu! Nimekwenda kabatini kwa madaha. Boksi jepesi. Nimefungua. Tupu! Na jana nilishinda Kemondo kutwa nzima. Nimemtazama. Katazama dirishani. Huko nje mtama unametameta wote.

Naandika, kiduara bado kinazunguka. Yeye yuko shambani, kitenge kiunoni, anakata kamba moja moja. "Baba Elieth! Hii ni ya nne! Ya mpishi ni ya ngapi?"

Muuaji namjua tangu zamani. Simwambii ng'o!